Vile utachagua na kusoma vitabu vya historia ya nyota ukiwa Nairobi

Ukitaka kusoma historia ya astronomia, hasa ile ya zama za kati, hapa Nairobi vitabu havikosekani, shida ni kwamba vile unavipata haraka ndio vile vimeiruka hiyo sehemu. Unafungua kitabu kinakuambia Ptolemy wa Alexandria kwenye mwaka wa 150 hivi aliandika Almagest, kitabu cha hesabu za anga chenye dunia katikati, unageuza ukurasa unampata Copernicus wa 1543, yule aliyeweka jua katikati, kama vile kwa karibu miaka 1400 hakuna mtu aliinua macho juu. Na hapo katikati ndio kuna utamu wote. Kuna Baghdad, Cairo, Maragha ya Iran, Damascus, Samarkand, Toledo, kuna watu walipima anga usiku baada ya usiku wakamkosoa Ptolemy kwa hesabu zake mwenyewe. Sasa hapa nitakueleza vile ya kuchagua, mahali pa kutafuta, na vile ya kusoma mpaka ikuingie.

Kitu ya kwanza, kabla uangalie picha na kabla uulize bei, fungua ule ukurasa wa mbele wenye maandishi madogo uone kitabu kilitoka mwaka gani. Mwaka wa 1957 mtafiti anaitwa Victor Roberts alionyesha kwenye Isis, jarida la historia ya sayansi, kwamba hesabu za mwezi za Ibn al-Shatir ni zile zile za Copernicus. Ibn al-Shatir alikuwa mtunza nyakati za swala kwa Msikiti wa Umayya pale Damascus, na alifariki 1375, yaani karibu miaka 100 kabla Copernicus azaliwe. Hiyo habari iligeuza historia nzima. Kitabu cha kabla ya 1957 hakingejua hayo, mwandishi hana lawama, lakini hata vingi vilivyofuata viliendelea tu na hadithi ya zamani. Na chunga usisome mwaka wa kuchapishwa tena ukafikiria ni kitabu kipya, tafuta mwaka wa toleo la kwanza. The Sleepwalkers ya Arthur Koestler ni mfano mzuri, imerudishwa sokoni mara nyingi na ukiishika inakaa ya juzi, kumbe ni ya 1959. Kepler, yule mwanaastronomia wa Ujerumani, amemwandika vizuri mpaka hutaki kuweka kitabu chini, hiyo siwezi mnyima, lakini wanaastronomia wa ulimwengu wa Kiislamu anawachukulia kama watu wa kubeba tu mzigo wa Wagiriki wakaupitisha mbele.

Ukishaona mwaka, nenda nyuma kwa faharasa, ile orodha ya majina na kurasa zake. Hii ndio njia ya haraka ya kupima kitabu ukiwa umesimama, inachukua dakika mbili na muuzaji hata hatakusumbua. Tafuta Tusi wa kituo cha nyota cha Maragha, tafuta Ibn al-Shatir, tafuta Maragha yenyewe, tafuta Ulugh Beg wa Samarkand, tafuta Sacrobosco, mwalimu wa Ulaya ambaye nitamrudia. Usitafute mahali pamoja tu sababu hawa watu wanapangwa ovyo, Tusi anaeza kuwa kwa T ama kwa A ya al-Tusi ama kwa N ya Nasir. Kwa vitabu vya zamani wengine wamewekwa na majina ya Kilatini, Alhazen ndiye Ibn al-Haytham, Albategnius ndiye al-Battani, Alfraganus ndiye al-Farghani, kwa hivo usirudishe kitabu kabla uangalie hayo majina pia. Ukipata wote wana ukurasa mmoja, ule ule, ujue wametajwa kwa orodha na hakuna kitu wameelezwa. Ukipata Maragha ina kurasa kumi na kitu, chukua hicho kitabu.

Na kama una dakika moja zaidi soma mwanzo wa sura ya zama za kati. Ikikuambia watu wa wakati huo waliamini dunia ni bapa, kirudishe. Sacrobosco aliandika kitabu chake cha tufe kwenye 1230 hivi na kilikaa kwa vyuo vikuu vya Ulaya zaidi ya miaka 300, na hapo mwanzoni kabisa kinafundisha dunia ni mviringo na kutoa ushahidi. Al-Biruni alikuwa ameshapima ukubwa wake miaka 200 kabla ya hapo, kwa kupanda mlima na kupima vile upeo wa macho unashuka. Mwandishi ambaye hakujua hata hiyo hawezi kukusaidia na zile ngumu.

Mahali pa kupata: anza na zile inama bukshop za tauni, vitabu vimepangwa chini kando ya njia, hata mia mbili ama mia tatu unaeza kutoka na kitu. Usiulize astronomia peke yake, uliza vitabu vya sayansi, vya historia, hata vya dini, juu vile vya zama za kati mara nyingi hurushwa huko. Cosmos ya Carl Sagan, ya 1980, ni moja ya zile hupatikana, na mimi naipenda sana na ningekushauri uinunue ukiiona, lakini soma ukijua hiyo kitabu ina mchoro wa miaka wenye pengo la kama miaka elfu moja baada ya Hypatia, yule mama mwanahisabati wa Alexandria, kama vile hapo hakukuwa na mtu. Weka alama hapo kwa penseli, utarudi kuijaza wewe mwenyewe.

Kwa maktaba usipoteze muda kutembea katikati ya rafu ukibahatisha. Pale Maktaba Kuu ya Upper Hill na kwa maktaba nyingi za umma, astronomia iko namba 520, historia yake ni 520.9, mambo ya kalenda na kupima wakati ni 529, na historia ya sayansi kwa jumla ni 509. Hiyo 509 watu wengi hawafiki, na mara nyingi ndio kuna sura nzuri kabisa za Baghdad na Maragha. Kwa maktaba zinazopanga kwa herufi, kama vyuo vingi, tafuta QB. McMillan pale Banda Street, ile yenye simba wawili mlangoni, ilifunguliwa 1931 na ina vitabu vya zamani sana, lakini uliza kwanza kama iko wazi kabla upande matatu. Na kwa duka la vitabu ukitaka waagize, wape ile namba ya ISBN, usiwape jina tu, kwa sababu kuna vitabu vina majina mawili. Mfano ni cha Jim Al-Khalili, kinaitwa Pathfinders kwa toleo la Uingereza na The House of Wisdom kwa toleo la Marekani, ni kitabu kimoja, usilipe mara mbili.

Sasa mpangilio wa kusoma. Usianze na historia moja kwa moja. Ukianza na duara za Ptolemy, zile alitumia kueleza mwendo wa sayari, kabla ujue sayari hutembea aje angani utachoka sura ya kwanza na utasema hesabu si zako. Pakua kile kitabu cha bure cha OpenStax kinaitwa Astronomy, soma sura ya 2 peke yake, inaeleza anga vile mtu anaiona kwa macho tu, na hivo ndio hao watu wote waliiona maana darubini ilikuja baada ya 1600. Weka pia programu ya Stellarium kwa kompyuta, inakuonyesha anga ya mahali popote na mwaka wowote, ni ya bure. Iweke Nairobi kwanza uzoee anga yako, halafu ibadilishe mahali iwe Damascus na mwaka uwe 1350, utaona vile Ibn al-Shatir aliona. Hii ni muhimu kuliko unavyodhani, kwa sababu sisi tuko digrii 1 hivi kusini ya ikweta na hivyo vitabu vyote viliandikwa na watu wa kaskazini. Nyota ya kaskazini ambayo wanaitaja kila ukurasa hapa hatuioni, iko chini ya upeo wa macho. Chaucer aliandika maelezo ya kutumia astrolabu, kile chombo cha mkono cha kupima nyota na saa, mwaka wa 1391 kwa mtoto wake Lewis wa miaka kumi, maelezo matamu na ya bure mtandaoni, lakini kile chombo kilitengenezewa latitudo ya Oxford. Ukijaribu kupima nacho saa ukiwa Umoja utapata majibu ya Oxford.

Baada ya hapo chukua The Light Ages ya Seb Falk, ya 2020. Mimi ningempa mtu hii kabla ya zingine zote. Inamfuata mtawa mmoja wa Uingereza wa karne ya 14, John Westwyk, na wewe unajifunza vile alijifunza, kuhesabu kwa vidole, kupima saa kwa jua, kushika astrolabu, mpaka unafika kwa sayari na hata hujasikia uzito. Halafu hiyo ya Al-Khalili, ambaye alizaliwa Baghdad, kwa ajili ya upande wa Waarabu na Waajemi. Halafu, ukiwa na nguvu, The History and Practice of Ancient Astronomy ya James Evans, ya 1998, ni kubwa na ina hesabu na mazoezi na hata michoro ya kujitengenezea astrolabu. Usiisome ukiwa kwa matatu, hiyo inataka meza, rula, bikari na jioni tulivu.

Na hapa ndio nataka ukae kidogo, kwa sababu hivi vitabu havisomwi kwa macho peke yake. Kuna mambo mawili ukiyafanya kwa mikono kila kitu kinafunguka.

La kwanza ni mwezi. Kwa hesabu za Ptolemy mwezi ukiwa mbali kabisa uko kama mara 64 ya nusu-kipenyo cha dunia, na ukiwa nusu unaeza kusogea mpaka kama 33. Maana yake ni kwamba wakati mwingine mwezi ukiwa nusu ungeonekana karibu mara mbili ya ukubwa wa mwezi mpevu. Sasa panda juu kabisa ya ploti pale watu huanika nguo, siku mwezi ni nusu, nyoosha mkono na rula, upime ile laini iliyonyooka kutoka ncha moja mpaka nyingine. Utapata kama milimita 5 ama 6. Rudi ukiwa mpevu, upime tena mkono ukiwa umenyooka vile vile. Utapata karibu sawa na ile ya kwanza. Yaani wewe na rula ya shule umeona kasoro ya kitabu kilichotawala zaidi ya miaka elfu moja, na Ptolemy alitabiri vizuri mahali mwezi utakuwa, lakini umbali wake alikosa vibaya. Ibn al-Shatir ndiye alipanga duara zake upya mpaka umbali ukakaribia vile tunaona, na Copernicus akaja na mpango ule ule. Ukishafanya hivo, zile kurasa za mwezi kwa Evans utazisoma kama mtu ambaye ana kesi yake pale.

La pili ni la Nasir al-Din al-Tusi, aliyeongoza kituo cha nyota cha Maragha kilichoanzishwa 1259. Alitaka kupata mwendo wa kwenda na kurudi kwa laini iliyonyooka kwa kutumia duara tupu, na ukisikia tu unasema haiwezekani. Chukua kartoni ngumu, kata tundu la duara la upana wa sentimita 20. Kutoka kartoni nyingine kata duara la upana wa sentimita 10, nusu kamili, hiyo nusu ndio siri. Weka alama ya kalamu kwa ukingo wa duara dogo, liweke ndani ya tundu, lizungushe polepole likigusa ukuta bila kuteleza. Ile alama itatembea kwa mstari ulionyooka kabisa, kutoka upande mmoja mpaka mwingine na kurudi. Kama inapinda basi limeteleza, kata ukingo uwe safi ujaribu tena. Kaa nayo mpaka uelewe kwa nini, usikimbie.

Ukichoka na maandishi, angalia picha za kitabu cha nyota cha al-Sufi, aliyeandika mwaka wa 964 hivi na akataja lile wingu dogo ambalo leo tunajua ni galaksi ya Andromeda. Nakala za mkono ziko mtandaoni bure, na kila kundi la nyota limechorwa mara mbili, vile linaonekana angani na vile linakaa kwa tufe. Maandishi ni ya Kiarabu, kwa hivo kama hujui, mwombe ustadh wa mtaani akusomee majina.

Mwisho kabisa ndio usome Islamic Science and the Making of the European Renaissance ya George Saliba, ya 2007. Si ya kuanza nayo, inabishana, na lazima ujue wanabishana juu ya nini. Nenda polepole kwa sura ya 6, pale anauliza hizi hesabu za Maragha zilimfikia Copernicus kwa njia gani. Gawa ukurasa wa daftari mara mbili. Upande mmoja andika ushahidi kwamba zilimfikia: kuna hati ya Kigiriki ambayo iko Vatican na ina mchoro wa duara za Tusi, na herufi za mchoro wa Copernicus zinafanana na za Tusi, jambo ambalo mwanahistoria Willy Hartner aliliandika 1973. Upande wa pili andika sababu za wale wanaosema mtu mwenye shida ile ile anaeza kufika kwa jibu lile lile bila kuonyeshwa. Wasomi bado hawajakubaliana, kwa hivo hiyo daftari usiifunge, kila kitabu kipya ukipata kiongeze kwa upande wake.