Kivumbasi: kuotesha chako bila kung'oa cha msituni

Mbu wakizidi, watu wa huku Muheza huingia ukingoni mwa msitu na kurudi na vivumbasi vilivyong'olewa na mizizi yake. Inaniuma. Mmea huu ni wa kudumu: ukikatwa matawi huchipua tena, uking'olewa umekwisha. Otesha wako.

Hatua ya 1: Hakikisha ndio wenyewe
Nazungumzia Ocimum gratissimum, ambao vitabu vingi huuita Ocimum suave. Ni ndugu wa mrehani na mnanaa, ila huu ni kichaka kinachoweza kupita kimo cha mtu, na shina lake la chini hukomaa kama mti. Shika tawi changa, utahisi pembe nne. Fikicha jani, unuse: wa huku hunukia karafuu, maana mafuta yake yana yujenoli, ileile ya kwenye karafuu. Ukisikia karafuumaiti, huenda umeshika Ocimum kilimandscharicum, nao huitwa kivumbasi vilevile.

Hatua ya 2: Chuma mbegu
Ngoja shuke likauke, liwe la kahawia. Kila kikombe cha ua hubeba mbegu zisizozidi nne na hubana mdomo, kwa hiyo kutikisa hakutoshi. Kata mashuke machache tu, mengine uuachie msitu. Anika kivulini, sugua viganjani, pepeta.

Hatua ya 3: Sia
Hapa ndipo miche mingi hupotea. Mbegu ni ndogo mno, na ukizifukia hazitoki. Zichanganye na mchanga mkavu, zinyunyize juu ya udongo uliochekechwa, gandamiza kwa kiganja, basi. Usimwagie maji kwa kopo, yatazikusanya pembeni. Weka trei ndani ya beseni lenye maji kidogo, udongo unyonye kutoka chini. Kivuli kiwe chepesi.

Ukiwa na haraka, kata tawi lisilo na maua, unene wa penseli, lenye pingili tatu. Ondoa majani ya chini, lichomeke kwenye mchanga wa mto wenye unyevu.

Hatua ya 4: Pandikiza
Mche ukifikia shubiri moja, uhamishe jioni. Mita moja kati ya shina na shina, na samadi iliyooza vizuri.

Hatua ya 5: Vuna
Tumia kisu kikali, kata juu ya chipukizi, usizidishe nusu ya kichaka. Bakiza matawi mawili matatu yachanue, nyuki wanayapenda sana. Uliyokata yatundike chumbani au yafukize, na chandarua ukishushe vilevile.