Somo: Kufunga Vyombo vya Sauti kwa Nikahi ya Uwanjani

Kila ikikaribia wikendi naulizwa swali lile lile: kwa nini spika zinapiga mluzi wakati kadhi anapozungumza? Nimelijibu mara nyingi kiasi kwamba nimeona afadhali niliandike jibu mara moja, kwa ukamilifu, nanyi mlisome kabla hamjapakia vyombo garini.

Kwanza tukubaliane kwamba nikahi si tarabu. Katika tarabu, mtu akikosa neno ataupata ubeti unaofuata, lakini katika nikahi lile neno moja la kukubali ndilo shughuli yenyewe. Basi vyombo vifungwe kwa ajili ya maneno, muziki uje baadaye.

Hatua ya 1. Kagua uwanja siku moja kabla, saa ile ile ya shughuli, na umuulize mwenyeji kuhusu kibali, kwani Kenya ina kanuni za kudhibiti kelele tangu mwaka 2009.

Hatua ya 2. Chukua umeme kwenye soketi ambayo haina jokofu wala birika. Waya wa kurefushia umeme ufunguliwe wote kutoka kwenye kibiringo chake, kwa sababu ukibaki umeviringwa huku umebeba mzigo mkubwa hupata moto hadi ukayeyuka. Jenereta ikae upande ambao upepo utaondoa kelele na moshi wake, usiwapelekee wageni.

Hatua ya 3. Inua spika zipite vichwa vya watu waliokaa, na uweke mifuko ya mchanga kwenye miguu ya stendi.

Hatua ya 4. Mahali pa maikrofoni na spika. Hapa ndipo nilipokosea mimi, na ndiyo sababu nitakaa hapa kidogo. Ilikuwa mwezi wa Agosti, kusi ikivuma, katika kiwanja kilicho wazi kwa bahari upande wa Nyali, hapa Mombasa. Mpambaji alitaka mbele pabaki peupe, nami nikakubali kuzipanga spika nyuma ya jukwaa, zikielekea migongo ya kadhi na bwana harusi. Nilimbana kadhi maikrofoni moja ndogo kwenye joho, nikidhani itachukua sauti za wote. Bwana harusi alikuwa umbali wa zaidi ya mita moja na sauti yake ni ya chini, kwa hiyo alipofika kwenye neno la kukubali nikapandisha kitufe, na papo hapo spika zikapiga mluzi uliolifunika neno lenyewe. Mashahidi walikuwa karibu na walisikia, lakini kadhi alitaka lirudiwe ili kila mtu aridhike. Upande wa wanawake, nyanya yake bi harusi alikuwa ametega sikio kwa muda wote ule, akaambulia mluzi. Jambo hilo linaniuma hadi leo.

Mluzi hutokea maikrofoni inapoichukua sauti ya spika na kuirudisha tena kwenye spika hizo hizo. Kwa hiyo zingatieni haya. Spika ziwe mbele ya maikrofoni, zikiwaelekea wageni, na maikrofoni isiangalie spika kamwe. Tumia maikrofoni ya mkononi, ikae kiasi cha sentimita 10 kutoka mdomoni, na awepo mtu mmoja aliyeelekezwa mapema, wa kuihamisha kutoka kwa kadhi hadi kwa walii na bwana harusi. Ukiisogeza kutoka sentimita 40 hadi 20, sauti inayoingia huongezeka kwa desibeli 6 hivi (desibeli ni kipimo cha ukubwa wa sauti) bila kugusa kitufe chochote, ilhali kila ukizidisha mara mbili idadi ya maikrofoni zilizo wazi kiasi unachoweza kupandisha sauti kabla ya mluzi kuanza hupungua kwa desibeli 3. Funga zile zisizotumika. Ivishe maikrofoni sifongo, ubonyeze kitufe cha kukata sauti nzito, na ikiwezekana wazungumzaji waipe bahari mgongo, kwani mwili wa mtu huikinga maikrofoni na upepo.

Hatua ya 5. Washa miksa (chombo cha kuchanganya na kurekebisha sauti) kwanza na amplifaya (kikuza sauti kinachoendesha spika) mwisho. Wakati wa kuzima, anza na amplifaya.

Hatua ya 6. Jaribu kwa mtu anayezungumza kwa sauti ya chini, wala usijaribu kwa wimbo.

Maswali ya wanachama

Swali kutoka Likoni: Fundi, nimenunua spika kubwa zaidi na mluzi bado upo. Ninunue amplifaya gani?

Jibu: Usinunue chochote. Hukueleza maikrofoni iko wapi wala spika zinaelekea wapi. Rudi kwenye hatua ya 4.

Swali kutoka Kizingo: Assalaam alaykum, mwalimu. Wanawake walikaa mbali, tukawawekea spika yao, lakini walilalamika kwamba kila neno linasikika mara mbili. Nilijaribu kupunguza sauti bila mafanikio. Je, sababu ni nini?

Jibu: Wa alaykumu salaam, ndugu yangu, na ahsante kwa kueleza ulichojaribu. Umeme hufika kwenye spika yao papo hapo, lakini sauti ya spika kubwa husafiri hewani, na katika joto letu la nyuzi 30 huenda mita 349 hivi kwa sekunde. Umbali wa mita 35 huchukua sehemu moja ya kumi ya sekunde, na sikio hulitambua pengo hilo. Kama miksa yako inaweza kuchelewesha sauti, icheleweshe ile ya spika ya mbali kwa milisekunde 3 kwa kila mita, uongeze milisekunde 10 juu ya jumla hiyo, na maneno yataonekana kutoka kwa kadhi mwenyewe. Kama haiwezi, punguza spika kubwa na uzigeuze zisiwafikie.

Swali kutoka Bamburi: Kwani waya wa nini siku hizi? Maikrofoni zisizo na waya ndizo bora.

Jibu: Sikuzikataza, na mimi mwenyewe ninazo. Miili ya watu huzuia mawimbi yake, kwa hiyo risiva, yaani kipokezi chake, iwe juu na ionekane kutoka jukwaani, betri ziwe mpya, na yenye waya iwe tayari imechomekwa. Sitaacha kuibeba.

Swali kutoka Mtwapa: Mpambaji hufunika spika zangu kwa vitambaa. Nikatae?

Jibu: Kitambaa chepesi kinachopitisha pumzi hakidhuru. Kizito humeza sauti nyembamba, na herufi kama s na t hupotea. Zungumza naye kwa upole siku ya ukaguzi, kabla hajakata vitambaa vyake.

Swali la nyongeza kutoka Mtwapa: Na chumvi ya bahari?

Jibu: Usiku ule ule wa shughuli, vyombo vikiwa vimezimwa, futa spika na vichwa vya waya kwa kitambaa chenye unyevu kidogo wa maji yasiyo na chumvi, kisha kwa kikavu, na uviache vikauke kabisa ndani ya nyumba kabla ya kuvifungia kwenye masanduku.