Jinsi ya kusoma vitabu vya mabaraza, utawala na uhuru bila kuishia njiani

Wengi wanaoingia kwenye hii mada wanadandia moja kwa moja kitabu kinene cha nadharia, wakifika ukurasa wa 30 wanakiweka chini wanasema siasa haziwaingii. Mi naona shida ni mlango waliopitia. Usianze na neno uhuru, anza na baraza moja tu lililowahi kuwepo kweli, ujue waliokaa humo waliingiaje na walitokaje.

Chukua lile la Athene ya kale. Enzi za demokrasia yao lilikua na watu 500, hamsini hamsini toka kila kabila kati ya makabila 10, wanapatikana kwa bahati nasibu, wanakaa mwaka mmoja, na mtu hawezi kukaa humo zaidi ya mara mbili maisha yake yote. Ukilijua hilo hata Aristotle, mwanafalsafa wa Ugiriki ya kale, unamsoma ukiwa na picha kichwani. Ila andika pia pembeni kwamba wanawake na watumwa hawakuwemo kabisa, manake hapo ndo swali la uhuru linapoanzia.

Alafu kila kitabu kiulize haya: nani anakaa kwenye baraza, nani kamweka, na akiharibu nani anaweza kumtoa, lini na kwa njia gani. Hili la mwisho ndo ntakwambia ulikazanie kuliko yote, kwasababu waandishi wengi wanaeleza vizuri sana kuchagua alafu kwenye kutoa wanapita haraka haraka. Paris mwaka 1871 Komuni, yani serikali ya wananchi walioasi na kuushika mji, ilisema mjumbe anaweza kuondolewa na waliomchagua muda wowote. Mwanafalsafa Hannah Arendt, kwenye kitabu chake cha 1963 kuhusu mapinduzi, anayafatilia mabaraza ya namna hiyo toka Paris mpaka uasi wa Hungaria 1956 na anayapenda waziwazi, lakini anasema pia yalikosea yalipochanganya kujadili mambo ya umma na kuendesha viwanda. Mwandishi anayekipenda kitu na bado anakwambia kasoro yake, huyo msome taratibu.

Angalia na mwaka. Thomas Hobbes, mwanafalsafa wa Uingereza, alitoa kitabu chake cha Leviathan 1651, Uingereza imetoka kwenye vita ya wenyewe kwa wenyewe, mfalme kakatwa kichwa 1649, yeye mwenyewe alikimbilia Ufaransa, sasa anaposema mamlaka yote yakae sehemu moja unaisikia hofu yake, sio lazima ukubaliane nae. John Stuart Mill, Mwingereza mwenzake, kwenye kitabu chake cha 1859 kuhusu uhuru hofu yake ni nyingine, anaogopa wengi wakimkandamiza mmoja. Wasome hao wawili kwa kufatana.

Kila ukikutana na neno uhuru weka alama. Mwanafalsafa Isaiah Berlin kwenye mhadhara wa 1958 alitenganisha uhuru wa kutoingiliwa na uhuru wa kujitawala mwenyewe, na mabishano mengi yanatokana na watu kutumia neno moja kwa maana mbili.

Kama ndo unaanza kabisa mi ningekupa kitabu cha Elinor Ostrom, mtafiti wa Marekani, kile cha 1990 kuhusu mali za pamoja. Hana maneno makubwa, anakupeleka kwa watu wanaogawana maji ya mifereji, misitu, samaki, waliojiwekea sheria wenyewe zikadumu, na kinachonigusa kila nikikirudia ni mambo mawili aliyoyaona: wanaoguswa na sheria wanashiriki kuibadilisha, na adhabu zinaanza ndogo ndogo kabla ya kuwa kali. Kazi hiyo ndo ilimpa Nobeli ya uchumi 2009, mwanamke wa kwanza kuipata.

Usijibane kumaliza kila sura. Soma utangulizi, kisha tafuta sura inayojibu swali la nani anaweza kumtoa kiongozi, uisome mara mbili, uandike jibu kwa maneno yako mistari mitatu hivi, na kama huwezi kuiandika rudi tena kwenye hiyo sura kabla hujafungua kitabu kingine.