SOMO: Kuhamishwa nyumba kwa huduma ya A mpaka Z, nini utegemee na nini udai

Wakuu salama? Naona watu wengi siku hizi wanauliza kuhusu hizi kampuni za kuhamisha, zile zinazokuja na vijana wa yunifomu na maboksi mapya, wewe unalipa hela ndefu alafu unakaa pembeni unachezea simu. Swali ni moja tu, hiyo hela inaenda wapi na utajuaje kama umepata huduma kweli au umepata Canter la kawaida lililobandikwa stika. Mimi nimesimamia timu za kufunga mizigo hapa Dar, za ndani ya jiji na zile za Dar kwenda Dodoma ambazo zilishamiri sana tangu serikali ilipotangaza kuhamia kule 2016, kwahiyo naandika nikiwa naijua kazi kwa ndani. Nitatumia mfano wa familia ya vyumba vitatu inatoka Tabata inaenda Dodoma, kilomita kama 450, maana ukiielewa hiyo basi ya Sinza kwenda Goba ni mteremko.

Kabla hatujaanza shika hili: gari ni sehemu ndogo tu ya unacholipia. Unalipia mikono inayojua kufunga, na karatasi inayombana mtu kitu kikivunjika. Kama kampuni inakusifia magari yake tu, haigusi kabisa habari ya orodha ya vitu, hapo bado hujapata kampuni.

HATUA YA 1: Waje waone kwa macho

Kampuni ya maana haikupi bei kwa simu. Inamtuma mtu aje azunguke chumba hadi chumba, afungue makabati, aangalie chini ya vitanda, apande mpaka stoo. Au mkipatana unampigia video ukiwa unazunguka nayo. Anatafuta CBM, yani mita za ujazo, maana mizigo ya nyumbani haina uzito sana ila inakula nafasi. Kukupa picha tu, kontena la futi 20 kwa ndani ni kama CBM 33.

Mtu mzuri utamjua kwa maswali anayouliza. Atauliza kitanda kimefungwa kwa nati au fundi alipiga misumari. Ataangalia lile kabati la mninga ulilotengenezewa humo humo chumbani, apime mlango, akuambie ukweli kwamba hili halitoki bila kufunguliwa vipande (haya makabati ndo yanaongoza kwa kuchelewesha kazi Dar nzima, fundi alilijenga ndani na kila mtu akasahau kwamba siku moja litatoka). Alafu lazima aulize na unakoenda: Fuso inaingia mpaka getini? Nyaya za umeme zimeshuka? Ni ghorofa ya ngapi, lifti ipo, uongozi wa jengo unaruhusu kuhamia siku gani? Asipouliza hayo, siku ya kushusha ndo mtaanza kutafuta kirikuu la kufaulishia mizigo na hiyo hela haikuwepo kwenye bei.

HATUA YA 2: Bei kwa maandishi

Iandikwe kilichomo na kisichokuwemo. Vifungashio, kufunga, kufungua vitanda na kuvifunga upya kule, kupakia, safari, kushusha, kupanga, kuondoa maboksi matupu. Uliza kama VAT imo ndani au bado, asilimia 18 ikija kuongezwa mwishoni inauma. Uliza pia vijana wanalala na kula kwa hela ya nani. Usilipe yote mwanzoni, weka sehemu ya mwisho ilipwe baada ya kushusha, na risiti iwe ya EFD, ile ya mashine ya kodi. Mkataba useme wazi kwamba bei haibadiliki njiani, maana ule mchezo wa "bosi gari limesimama hapa Chalinze ongeza kidogo" upo na watu wamelizwa.

HATUA YA 3: Bima

Hapa ndo watu wanapita haraka alafu baadae wanalia. "Tuna bima" peke yake haina maana, gari kuwa na bima ni jambo moja na mizigo yako kuwa na bima ni jambo lingine kabisa. Omba hati yenyewe, TIRA, ile mamlaka ya bima, wana mfumo wa kuhakiki kama ni halali.

Alafu usidanganye thamani ili ulipe kidogo. Tuseme vitu vyako ni vya milioni 40 wewe ukaandikisha 20, TV ya milioni 2 ikapasuka, bima nyingi zinakulipa kwa uwiano, yani utapata milioni 1. Na boksi ulilofunga mwenyewe likitoa vipande vya glasi, mara nyingi bima hailipi kwasababu hakuna aliyeona ulivyofunga. Ndo maana ukishalipia huduma ya A mpaka Z waache wafunge wao, kujifanya unawasaidia usiku wa kuamkia siku yenyewe ni kujivua kinga.

HATUA YA 4: Kazi yako wewe

Ndio, hata kwenye huduma ya VIP una kazi. Gawa na uza usivyovihitaji, hakuna sababu ya kusafirisha feni bovu mpaka Dodoma. Zima friji mapema liyeyuke na kukauka. Pasipoti, hati za kiwanja, vyeti, dhahabu, hela na dawa za kila siku weka kwenye begi ambalo halitoki mkononi kwako, na kampuni nzuri itakataa kuvibeba hata ukiwaomba. Watakataa pia mtungi wa gesi wenye gesi, petroli ya jenereta, mafuta ya taa, rangi na tina. Chukua barua serikali ya mtaa, na ongea na mwenye nyumba amwambie mlinzi wa geti mapema, nimeshaona gari limejaa limezuiwa kutoka kwasababu mlinzi hana taarifa na mwenye nyumba simu haipokei.

Alafu boksi la usiku wa kwanza: mashuka, chandarua, chaja, sabuni, ndoo na kopo, sufuria moja, majani ya chai, sukari. Hilo liandikwe kubwa, liingie mwisho garini ili litoke la kwanza.

HATUA YA 5: Siku ya kufunga

Kwa nyumba ya vyumba vitatu iliyojaa, tegemea siku nzima ya kufunga na kupakia iwe siku inayofuata. Wakikwambia saa tatu tunafunga na saa saba tumeondoka, uliza wanafunga nini.

Simama jikoni uangalie, jikoni ndo kipimo. Chini ya boksi inaanza karatasi iliyokunjwakunjwa, nene. Kila sahani inaviringishwa peke yake kwenye karatasi nyeupe isiyo na maandishi, sio gazeti, wino wa gazeti unashika kwenye vyombo vyeupe. Alafu sahani inasimamishwa wima, hailazwi, sahani zilizolazwa gari likiruka tuta za juu zinakandamiza ya chini inapasuka. Glasi zinakaa juu, zinajazwa karatasi ndani, mapengo yote yanazibwa. Mwisho kijana anatikisa boksi kidogo na kusikiliza. Likilia, linafunguliwa linaongezwa karatasi. Kijana anayetikisa boksi bila kuambiwa, huyo amefundishwa.

Vitabu boksi dogo, mito na nguo nyepesi boksi kubwa. Godoro linavaa mfuko wake. TV inarudi kwenye boksi lake kama unalo, kama huna inapata povu na boksi la saizi yake, na inasafiri imesimama. Mashine ya kufua, tafuta zile nati ndefu za nyuma ulizotoa siku ya kuinunua, zinarudishwa ili pipa lisicheze njiani (najua umezitupa, sema mapema walete namna nyingine ya kulibana). Nati za kitanda zinaingia kwenye kimfuko, kinaandikwa "kitanda masta", kinabandikwa kwa solotepu kwenye ubao wa kitanda hicho hicho. Nyaya za nyuma ya TV na redio zinapigwa picha kabla ya kuchomolewa. Vitu vidogo hivi ndo vinafanya kule Dodoma kitanda kisimame ndani ya dakika chache badala ya watu kuzunguka na tochi ya simu wanatafuta nati.

HATUA YA 6: Orodha

Kila boksi na kila kitu kinapewa namba, kinaandikwa ni nini, kinatoka chumba gani na hali yake. "Meza ya kioo, mkwaruzo kona ya kushoto." Soma kabla ya kusaini! Msimamizi mjanja anaweza kuandika "imechakaa" kwenye kila kitu, ukisaini hivo hata kochi likifika limechanika atakuonyesha saini yako. Kama hukubaliani andika pembeni kwa mkono wako. Piga picha zako pia, nakala ya orodha ibaki kwako.

HATUA YA 7: Njiani

Hapa huna la kufanya. Fuso lazima lipite mizani ya Vigwaza na Mikese, foleni ikiwepo linachelewa na hakuna wa kulaumiwa. Liwe bodi la kufungwa na milango, turubai ni la akiba tu, na kama ni masika msikubali kabisa gari la wazi. Familia wapande treni ya SGR watatangulia kufika, kula na kupumzika kabla gari halijaonekana. Dai namba ya dereva tu basi.

HATUA YA 8: Kupokea

Mtu mmoja akae mlangoni na orodha anaweka tiki kila namba inapoingia, mwingine anaelekeza chumba. Huduma kamili maana yake vitanda vinasimamishwa, vyombo vinatolewa kwenye maboksi vinapangwa kabatini, takataka zinaondoka nao. Friji lisiwashwe hapo hapo, liache masaa kadhaa, na kama lililazwa basi liache mpaka kesho ili oili irudi kwenye kompresa. Kitu kimevunjika? Kiandike kwenye karatasi ya kupokelea KABLA hujasaini, piga picha na boksi lake, na boksi usilitupe. Angalia mkataba unakupa siku ngapi za kudai, ukipitisha hapo ni habari nyingine.

Karibuni maswali.

MASWALI YA WADAU

Mdau wa Kimara: Mkuu somo zuri, sasa mimi nina chumba na sebule tu, hii si kujikomoa?
Jibu: Ndio ni kujikomoa. Kama unahama ndani ya jiji, kirikuu na vijana wawili wanatosha kabisa, nunua maboksi na karatasi ufunge mwenyewe vyombo na TV. Hii huduma inaanza kuwa na maana nyumba ikiwa imejaa, safari ni ndefu, au wewe mwenyewe hupati likizo.

Dada wa Mbezi: Samahani kaka, na nguo za ndani nazo wanafunga wao?? Mimi siwezi jamani.
Jibu: Hahaha hilo linaulizwa kila siku. Nguo za ndani weka kwenye begi lako funga na zipu, wataliandika "begi" kwenye orodha na hakuna atakayeligusa. Unaweza pia kuomba timu iwe na mdada wa kufunga chumbani, kampuni nyingi wanao ukisema mapema.

Mdau wa Tegeta: AC zangu mbili nazo zimo?
Jibu: Usidhani, uliza. Kuitoa ni kazi ya fundi AC, anatakiwa avute gesi irudi kwenye ile mashine ya nje kabla ya kukata mabomba, kijana wa mizigo akiibomoa tu gesi yote inatoka. Wengine wanamleta fundi kama nyongeza. Dishi la king'amuzi na inveta hivyo hivyo.

Mdau wa Nairobi: Huku je? Niko apartment Kilimani naenda Syokimau.
Jibu: Mambo ni yale yale, ila huko mkabe sana keateka (msimamizi wa jengo) na ajenti mapema. Bila barua kwamba huna deni la kodi askari wa geti hatoi gari, na majengo mengi yana saa maalum za kuhama. Sema tu kwa kampuni wapange hivyo, la sivyo vijana wanakaa getini na saa zinakuhesabia wewe.

Mama wa Ukonga: Kuku wangu kumi na maua yangu mwanangu?
Jibu: Shikamoo mama. Kuku hawapandi na makochi, watafutie usafiri wao au wauze ununue wengine kule. Maua kampuni nyingi hawayawekei bima maana ndani ya bodi kuna joto na giza, wanaweza kukubebea kama kuna nafasi ila yakinyauka ni juu yako. Yale unayoyapenda sana kata matawi, funga na gazeti bichi, safiri nayo mwenyewe.

Mdau wa Kinyerezi: Nimekubali yote ila kampuni inasema haitoi orodha yenye namba, wanasema "sisi ni waaminifu miaka yote". Niendelee nao?
Jibu: Hapana mkuu, tafuta wengine.