Kutoka Nagoya hadi bonde la Kiso na kurudi siku hiyohiyo: namna ya kuongoza wageni kwa miguu kati ya Magome na Tsumago

Wageni wengi wa kwetu wanaofika Nagoya huja kwa shughuli ya magari. Bandari ya jiji hili ni mojawapo ya milango mikubwa ya magari yaliyotumika yanayokwenda Mombasa na Dar es Salaam. Wakishamaliza mnada na makaratasi hubaki na siku moja kabla ya ndege, na wengi huimalizia madukani. Mimi huwachukua mashambani. Chini ya saa moja kwa treni kutoka katikati ya jiji kuna bonde la Kiso, na ndani yake kipande cha Nakasendo, barabara ya kale ya kilomita 530 hivi iliyounganisha Edo, yaani Tokyo ya leo, na Kyoto. Barabara hiyo ilikuwa na miji 69 ya kupumzikia wasafiri. Tutatembea kati ya miwili, Magome, wa 43, na Tsumago, wa 42, kilomita nane za msitu, mashamba ya mpunga na nyumba za mbao.

Namwandikia Mswahili anayeishi Japani na anataka kuwaongoza ndugu, wafanyabiashara au wanafunzi wenzake. Anayesafiri peke yake anaweza kufuata hatua hizihizi.

Hatua ya 1: Panga siku kuanzia jioni

Safari nyingi hupangwa kuanzia asubuhi. Hii ipange kinyume, kwa sababu kinachobana ni kurudi. Kituo cha treni kilicho karibu na Tsumago kinaitwa Nagiso, nacho ni kidogo. Treni nyingi za haraka hukipita bila kusimama, za kawaida ni chache, na mabasi ya kukifikia kutoka Tsumago ni machache kuliko treni. Fungua ratiba ya tarehe yako, chagua kwanza treni ya kuondoka Nagiso, kisha basi litakalokufikisha kabla yake, ndipo urudi nyuma hatua kwa hatua.

Tuseme treni ya Nagiso ni saa kumi jioni. Basi la Tsumago liwe saa tisa na nusu. Tsumago yenyewe inataka saa moja na nusu, kwa hiyo muingie saa nane. Njia hutembewa kwa saa tatu. Kwa kundi weka tatu na nusu, kwa hiyo mtoke Magome saa nne na nusu. Magome ipe saa moja. Basi la kupanda huko huchukua karibu nusu saa, basi mtaondoka Nakatsugawa saa tatu asubuhi, na Nagoya saa mbili.

Ratiba za Japani husomwa kwa saa 24. Waandikie wageni saa zote mbili kwenye karatasi moja, 15:30 kisha pembeni "saa tisa na nusu alasiri". Anayesoma 15:30 na kuanza kuhesabu kichwani ndiye atakayeachwa na basi.

Hatua ya 2: Jua unachoruhusiwa

Tangu Januari 2018 sheria ya Japani inamruhusu hata asiye na leseni ya taifa ya ukalimani na uongozaji kuongoza wageni kwa malipo, mradi asijiite kwa cheo cha wenye leseni. Lakini hilo haliondoi masharti ya ukaazi wako. Mwanafunzi, kwa mfano, anahitaji kibali cha kufanya kazi nje ya masomo, na saa zake zina kikomo cha 28 kwa wiki. Pia usiuze kifurushi chenye nauli ndani yake, maana kupanga na kuuza usafiri kwa faida ni kazi ya wakala aliyesajiliwa. Mimi humwacha kila mgeni anunue tiketi yake kwa mkono wake mbele ya mashine, nami nikisimama pembeni nikimwonyesha. Ni halali, na hata mahesabu ya jioni hayana mgogoro.

Hatua ya 3: Ongea na wageni siku moja kabla

Mambo matatu tu: viatu, chakula na fedha.

Viatu viwe raba zenye kushika. Sehemu za njia zimetandikwa mawe ya zamani, na yakilowa huteleza sana. Mapafu nayo yaulize kwa upole. Magome iko mita 600 hivi juu ya bahari, njia hupanda hadi mita 800, kisha hushuka mpaka 420. Ndiyo maana naanzia Magome siku zote: unapanda kidogo mwanzoni, nguvu zikiwa bado zipo, na sehemu kubwa iliyobaki ni mteremko. Mzee au mwenye goti bovu asinyimwe safari. Kuna basi linalopita juu kabisa ya kilele, ashukie hapo na kuanza na wenzake kuteremka. Asiyeweza hata hilo aende Tsumago kwa basi moja kwa moja na kuwasubiri.

Chakula ni jambo zito kwa Waislamu, na nataka ulishike mapema. Tambi za soba huonekana salama, lakini mchuzi wake mara nyingi huwa na mirin, kiungo cha wali chenye kilevi. Mchuzi wa gohei mochi, vitonge vya wali vinavyochomwa kwenye kijiti na kupakwa miso (rojo la maharage ya soya) na kokwa za jozi, unaweza kuwa nacho pia. Usimhakikishie mgeni usichokijua. Uliza dukani, na kama jibu halieleweki, mle mlichobeba. Vitonge vya wali mtupu na matunda kutoka Nagoya hutosha. Kuanzia Septemba, Nakatsugawa huuza kuri kinton, peremende laini ya njugu za chestnut na sukari. Hicho ndicho kitamu cha huku ninachokipenda kuliko vyote, na orodha ya viungo vyake ni fupi kiasi kwamba unaisoma yote kwa sekunde moja.

Fedha iwe taslimu, noti ndogo na sarafu za yeni. Maduka mengi ya vijijini hayapokei kadi.

Hatua ya 4: Treni na basi

Nagoya mnapanda treni ya haraka iitwayo Shinano, na Nakatsugawa mtafika kwa dakika 50 hivi. Ina malipo ya ziada juu ya nauli. Anayebana matumizi apande treni ya kawaida inayoruka baadhi ya vituo kwenye reli hiyohiyo, saa moja na robo hivi. Kadi za kugusa langoni zisitegemewe milimani. Nunueni tiketi za karatasi.

Nakatsugawa kuna makabati ya mizigo ya kulipia. Acheni mabegi hapo, maana mtapita tena jioni. Kila mtu aende chooni, ajaze chupa ya maji, kisha mpange foleni ya basi la Magome mbele ya kituo. Hapo usichelewe. Asubuhi za vuli basi hujaa.

Hatua ya 5: Magome

Basi huwashusha chini ya kilima, na mji wote ni mtaa mmoja wa mawe unaopanda, maji yakitiririka mferejini pembeni na gurudumu la maji likizunguka kwenye kona. Waambie wageni ukweli kuhusu nyumba wanazoziona: Magome iliungua 1895, ikaungua tena 1915, na nyingi zilijengwa upya baada ya hapo. Mahali penyewe panapendeza bila kuongezewa umri.

Wakifika juu, mwisho wa mtaa, wageuke. Kuna uwanda wa kutazamia, na kukiwa na anga safi mlima Ena wenye mita 2,191 unasimama mbele yao wote. Picha ya kundi ipigeni hapa. Kisha vyoo, na mwendo uanze kwa saa uliyopanga.

Hatua ya 6: Njia yenyewe

Mwenye mwendo wa pole kuliko wote mweke mbele, nyuma yako tu. Kundi likifuata mguu wake hakuna atakayeona haya, na hakuna atakayepotea. Njia inaivuka barabara ya magari mara kadhaa, kwa hiyo kila mnapofika lami simameni mpaka wote wafike, ndipo mvuke pamoja. Alama ni nyingi na wazi, zimeandikwa pia kwa herufi za Kilatini.

Kando ya njia mtakuta kengele za shaba zimetundikwa kwenye nguzo. Ni za dubu. Dubu weusi wa Asia wapo kwenye misitu hii, nao hujiepusha wakisikia watu. Kila kengele ipigwe kwa nguvu, na mabaki ya chakula yasitupwe popote. Mapipa ya taka hamtayakuta, kila mtu arudi na mfuko wake mjini. Mkikutana na watembezi wengine, salamu ni "konnichiwa", na huku hakuna anayempita mwenzake kimya. Kwa hilo wageni wetu hujisikia nyumbani mara moja.

Baada ya kilele msitu hufunga, na mbele kidogo kuna nyumba ya chai ya kale mahali paitwapo Ichikokutochi. Wenyeji wa kujitolea hupika chai kwenye jiko la sakafuni na kumkaribisha kila apitaye. Hawaiuzi. Kuna sanduku la mchango, na kila mgeni wako aweke kitu. Kaeni hapa muda wa kutosha, kwa sababu hapa ndipo pa kueleza habari kuu ya bonde hili.

Karibu na nyumba hiyo palikuwa na kituo cha ukaguzi wa mbao. Misitu ya Kiso ilikuwa mali ya utawala wa Owari, ambao ngome yake ndiyo ile ya Nagoya mlikotoka asubuhi. Miti mitano ilikatazwa kukatwa na mwanakijiji, wa kwanza ukiwa hinoki, mti mnyoofu wenye harufu nzuri, na mkataji angeweza kulipa kwa kichwa chake. Magogo yaliyokatwa kwa amri ya watawala yalielea kwenye mto Kiso mpaka pwani, na kwa mbao hizo majengo makubwa ya Nagoya yalisimama. Mpaka leo hekalu kuu la Ise hujengwa upya kila baada ya miaka 20, mara ya mwisho 2013, na hinoki ya Kiso ndiyo hutumika zaidi. Mwonyeshe mgeni mti wenyewe, aguse gome lake. Mtu aliyelala hotelini Nagoya bila kuwaza mbao zilitoka wapi huanza kuliona jiji kwa jicho jingine. Kwa habari hii moja naiona siku nzima ina thamani, na ndiyo sababu nimeichagua njia hii kuliko mashamba mengine yaliyo karibu zaidi na jiji.

Adhuhuri huku huingia karibu na saa sita mchana, kwa hiyo mara nyingi huwakuta kabla ya hapa au papo hapo. Beba mkeka mwepesi. Kibla ni magharibi ikielekea kaskazini kidogo. Chagueni mahali pakavu nje ya njia na nje ya shamba la mtu.

Kutoka hapo ni mteremko. Maporomoko mawili ya maji, la kiume na la kike kama wenyeji wanavyoyaita, yako chini kidogo ya njia. Shukeni, ni dakika chache tu.

Hatua ya 7: Tsumago

Tsumago ilikaribia kufa. Reli iitwayo Chuo, hiyohiyo mliyokuja nayo, ilipokamilika 1911, biashara ya barabara iliisha, na vijana wakaondoka. Mwishoni mwa miaka ya 1960 waliobaki walianza kutengeneza nyumba zao kama zilivyokuwa, na 1971 wakaandikiana ahadi: hatuuzi, hatupangishi, hatubomoi. Mwaka 1976 mji ukawa miongoni mwa maeneo saba ya kwanza Japani kulindwa na serikali kama mitaa ya urithi. Nyaya za umeme hazionekani, na mchana magari hayaruhusiwi mtaa mkuu. Wageni kutoka Lamu au Mji Mkongwe wana mengi ya kuuliza hapa, hasa juu ya nani hulipia matengenezo na nani huruhusiwa kufungua duka. Waache waulize, nawe utafsiri.

Ingieni nyumba moja tu, Okuya, iliyokuwa ikipokea wasafiri wa heshima. Jengo la sasa ni la 1877, la hinoki, baada ya katazo la miti kuondolewa. Mle ndani kuna jiko la sakafuni, na miezi ya baridi jua hupenya kwenye madirisha ya fito za mbao na kuchora mistari ndani ya moshi. Ndani viatu vinavuliwa, kwa hiyo soksi ziwe nzima.

Watu wanaishi kwenye nyumba hizi. Kupiga picha mlangoni mwa mtu au kumpiga bibi anayefagia kunahitaji ruhusa yake. Maduka hufungwa mapema, wakati wa kununua ni mnapofika, kabla ya kuzunguka.

Hatua ya 8: Kurudi

Kaeni kituo cha basi dakika kumi kabla. Safari ya Nagiso ni dakika kumi tu. Basi likiwapita au likijaa, msiingiwe na hofu. Njia ya miguu hadi Nagiso ni chini ya kilomita nne, inateremka na ina alama, saa moja inatosha. Kwa sababu hiyo nakushauri uweke treni ya akiba kwenye karatasi yako tangu jana yake.

Kama treni ya haraka haisimami saa hiyo, pandeni ya kawaida mpaka Nakatsugawa, dakika 20 hivi, mchukue mabegi kwenye makabati. Treni nyingi za kawaida za kwenda Nagoya huanzia hapo, kwa hiyo viti vipo hata kwa kundi kubwa. Anayewahi ndege asubuhi yake mkumbushe akate tiketi ya uwanja wa ndege akiwa Nagoya palepale, kabla hajatoka kituoni.