SOMO: Krema ya Katalunya yenye sukari ya kuunguza juu

Naandika mara moja ili nikiulizwa tena nibandike kiungo tu. Haipikwi kwenye oveni. Haiwekwi krimu. Anayekwambia uiingize ndani ya trei ya maji anakufundisha crème brûlée ya Wafaransa, ambayo ni ndugu yake, siyo yenyewe. Hii ya Katalunya, Hispania, ni maziwa na viini, na inapikwa kwenye sufuria kama uji. Wenyewe huipika hasa tarehe 19 Machi, sikukuu ya Mtakatifu Yosefu, ndiyo maana huiita pia krema ya Mtakatifu Yosefu. Na wale mnaoichanganya na flan, ile pudini ya mayai na maziwa: flan karameli yake (sukari iliyounguzwa) inakaa chini, halafu unaipindua kwenye sahani. Siyo leo.

Mahitaji, bakuli 6: maziwa freshi lita 1, viini vya mayai 8, sukari gramu 180 na nyingine pembeni ya kuunguza, kornflawa gramu 40, kijiti 1 cha mdalasini, ganda la limau 1.

1. Toa kikombe kimoja cha maziwa, weka pembeni yakiwa baridi.

2. Yaliyobaki yapashe pamoja na mdalasini na ganda la limau. Menya njano tu, ile nyeupe ni chungu. Yakianza kuchemka pembezoni, epua, funika nusu saa, chuja.

3. Koroga kornflawa kwenye maziwa baridi hadi mabonge yaishe.

4. Piga viini na sukari, changanya na hiyo kornflawa.

5. Mimina humo maziwa ya vuguvugu, kidogo kidogo, huku unakoroga. Yakiwa ya moto sana utapata mayai ya kuvuruga yenye sukari.

6. Rudisha jikoni, moto mdogo, koroga bila kuacha, mwiko ufike chini. Ikiwa nzito na mapovu mawili matatu yakaanza kupasuka juu, ipe nusu dakika nyingine, epua.

7. Mimina kwenye vibakuli vya udongo vipana na vifupi. Usifunike ikiwa ya moto, mvuke utadondokea. Ikipoa, friji saa 4.

8. Kuunguza. Hapa ndipo kazi nzuri inapoharibika, kwa hiyo soma mara mbili. Katalunya wana chuma maalumu: duara nzito yenye mpini mrefu, inalazwa motoni mpaka iwake, kisha inagusishwa juu ya sukari. Inatoa moshi na kuchachatika, sukari inayeyuka na kuwa kahawia iliyokolea, unanyanyua kabla haijawa nyeusi. Siku hizi wengi wanatumia tochi ya gesi, nayo sawa. Lakini kwetu jiko la mkaa linatosha: mwambie fundi wa kuchomelea akukatie duara nene ya chuma, ndogo kuliko bakuli, aipe mpini mrefu. Iwe chuma kitupu. Kisiwe na rangi, na kisiwe kimepakwa zinki, kwa sababu zinki ikipata moto mkali hutoa moshi wa sumu. Kijiko cha alumini usijaribu, kitalegea mkononi.

Kabla ya kuunguza, gusisha tishu juu ya krema ikauke unyevu. Nyunyiza sukari nyeupe vijiko viwili vya chai kwa kila bakuli, isambae nyembamba, iliyozidi imwage. Chuma kilichopoa nusu hakiunguzi, kinanata na kung'oa sukari pamoja na krema, kwa hiyo kirudishe motoni baada ya kila bakuli. Fungua madirisha. Watoto wakae mbali kabisa: sukari iliyoyeyuka ikikurukia inang'ang'ania ngozi huku bado inaunguza.

Na usiiunguze mapema. Subiri walaji wakae. Sukari iliyoungua inanyonya unyevu, ukiirudisha friji utaikuta imegeuka shira.

MASWALI

mtoto_wa_tandale: Mkuu asante kwa somo. Oveni iwe nyuzi ngapi?

Mleta somo: Soma sentensi ya pili.

Chausiku84: Kornflawa sina, naweza kuweka sembe?

Mleta somo: Hapana.

Chausiku84: Si ungejibu vizuri tu, nimeuliza.

Mleta somo: Haya dada. Sembe ina chenga, krema haitalainika hata ukoroge mpaka kesho. Ukiwa na kastadi ya unga, hiyo ndani yake ni kornflawa, rangi na vanila. Itaganda, ila vanila itafunika limau.

Bi_Shamimu: Yangu jioni ilikuwa nzito vizuri, asubuhi naikuta majimaji. Nikalaumu friji. Tatizo nini?

Mleta somo: Friji haina kosa, bibie. Kiini cha yai kina kimeng'enya kinachokatakata wanga. Usipokipa moto wa kutosha kinabaki na nguvu, na usiku kucha kinaula wanga wa kornflawa yako. Ndiyo maana nimesema usubiri mapovu. Watu wanaogopa mayai yatakatika, kumbe wanga uliomo unayakinga. Isiyo na wanga ndiyo inayokatika upesi. Nadhani uliepua ilipoanza tu kuwa nzito.

Bi_Shamimu: Ndivyo hasa. Niliogopa.

jogoo_la_shamba: Pasi ya mkaa haiwezi kuunguza hiyo sukari?

Mleta somo: Pasi ni ya nguo, kaka.

mwana_pwani: Hapa Mombasa hatupiki cha maziwa bila iliki. Nikiweka nitakuwa nimeharibu?

Mleta somo: Weka, itakuwa tamu. Ponda punje nne, chemsha na maziwa, ila mdalasini uache, visigombane. Wakatalani hawaweki iliki lakini hawatakuja kukagua jikoni kwako. Wapo wanaoongeza ganda la chungwa kwenye limau, nalo jaribu.

mtoto_wa_tandale: Nimesoma sasa, samahani mkuu. Chuma sina, tochi sina.

Mleta somo: Hamna neno. Yeyusha sukari kwenye kikaango kikavu, moto wa wastani, usikoroge, zungusha kikaango tu. Ikiwa kahawia mimina nyembamba upesi juu ya krema baridi. Itavunjika vizuri, ila harufu ya moshi hutaipata. Usitumie bakuli la glasi, linaweza kupasuka.

Chausiku84: Na ute wa mayai manane je, namwaga?

Bi_Shamimu: Usimwage shoga! Gandisha kwenye trei ya barafu, kila tundu ute mmoja. Ukikusanya, upige na sukari gramu 50 kwa kila ute, utengeneze merengi, yaani vitamu vya povu la ute vinavyookwa. Bakuli lisiwe na tone la mafuta wala kiini, hautapanda.