Ugali siku za Pasaka: namna ya kutafuta mambo ya Wayahudi vitabuni

Mtoto mmoja wa darasa langu la Jumapili, hapa Uyole, aliniuliza: "Mwalimu, Wayahudi wa siku hizi wakiwa kwenye Pasaka, ugali wanakula?" Nikamjibu papo hapo: wanakula, mahindi hayana chachu. Nilikosea, na Jumapili iliyofuata nilisahihisha mbele ya wote. Njia niliyopita wiki ile nawaandikia walimu wenzangu mlio na simu na bando kidogo.

Anza na chakula chenyewe. Ukitafuta "utamaduni wa Wayahudi" utazama. Tafuta mahindi, tafuta Pasaka. Kisha ulijue jina wanalolitumia wenyewe, na ulijaribu kwa tahajia zaidi ya moja, maana Kiebrania huandikwa kwa herufi zetu kila mtu na lake. Mkate wao wa Sabato utaukuta challah, pengine hallah. Neno nililolihitaji mimi lilikuwa kitniyot: maharage, mchele, dengu, mahindi na jamii hiyo.

Halafu tazama mwaka wa kitabu kabla ya kukiamini. Jewish Encyclopedia ina juzuu 12, ilitoka New York kati ya 1901 na 1906, na inasomeka bure intanetini. Kwa mila za zamani naipenda sana. Lakini usiwatafute humo Abayudaya wa Mbale, majirani zetu wa Uganda, kwa sababu mwanzilishi wao, Semei Kakungulu, alishika dini ya Kiyahudi mwaka 1919. Kwa mambo kama hayo tafuta Encyclopaedia Judaica, toleo la pili la 2007, juzuu 22. Ulizia kwenye maktaba za vyuo.

Sasa hatua ambayo nakuomba usiiruke: fika kwenye chanzo. Shulchan Aruch, maana yake "meza iliyoandaliwa", ni kitabu cha sheria cha Yosef Karo, kilichochapwa Venice mwaka 1565. Tovuti ya Sefaria inacho bure. Fungua sehemu ya Orach Chayim, sura ya 453. Karo anasema mkate wa Pasaka hutokana na nafaka tano tu, ngano na shayiri zikiwemo. Mchele na kitniyot havimo, na kuvipika ni ruhusa. Papo hapo, ndani ya ukurasa uleule, anaingia Moshe Isserles wa Krakow: wapo wanaokataza, na kwao Ashkenaz, yaani Wayahudi wenye asili ya Ujerumani na Ulaya Mashariki, desturi ni kujizuia. Nyongeza zake huitwa "kitambaa cha meza". Nilisoma mistari hiyo mara tatu jikoni, maharage yakiwa motoni, nikaelewa kwa nini jibu langu halikusimama.

Mahindi hayakutajwa pale. Yalitoka Amerika, na yalipozoeleka Ulaya yakawekwa kundi moja na mchele.

Kwa hiyo kila unapokuta "Wayahudi hula" au "Wayahudi hawali", uliza: wa wapi? Familia nyingi zenye asili ya Poland zingeuacha mchele wetu wa Kyela juma lote la Pasaka. Nyingi zenye asili ya Uturuki zingeupika. Na mwaka uutazame tena hapa: 2015 kamati ya sheria ya Wayahudi wa mkondo wa Conservative, Marekani, iliwaruhusu hata Waashkenazi kula kitniyot. Kitabu cha kabla ya hapo hakiwezi kukuambia.

Daftarini naandika mambo matatu kwa kila jibu: kitabu gani, mwaka gani, watu wa wapi. Likikosekana la tatu, sifundishi bado.

Ukitaka watoto walishike somo, pikeni matza, yaani mkate wa Pasaka usio na chachu. Unga wa ngano na maji tu, bila chumvi wala mafuta. Maji yakigusa unga, washa saa ya simu: kwa sheria yao, mkate uwe umeshaokwa kabla ya dakika 18 kupita. Kanda haraka, sukuma wembamba kuliko chapati, toboa kwa uma kote, weka kwenye kikaango kikavu chenye moto mkali. Waambie wazi kwamba haya ni mazoezi, kwa kuwa unga wa matza halisi hulindwa usiguse maji tangu mwanzo. Wetu tuliutoa dakika ya 15, umeungua pembeni, na yule mtoto wa ugali ndiye aliyekuwa ameshika simu akihesabu kwa sauti.